Deni la Mwenye Nguvu

Tunapolitaja neno utamaduni, mawazo ya wengi wetu hukimbilia ngoma, mavazi, vyakula na mashairi. Hayo ni utamaduni kweli, na mtu kama mimi, aliyetunga mashairi tangu ujana wake, hawezi kuyadharau. Hata hivyo, watu hujulikana zaidi kwa jinsi wanavyotendeana pale penye kazi na fedha baina yao. Namna ya kuahidi, namna ya kuipima kazi ya mwenzio, namna ya kulipa, na namna ya kugombana pasipo kudhulumiana, yote hayo ni sehemu ya utamaduni wa taifa, na huenda ndiyo shina ambalo ngoma na mavazi ni matawi yake.

Katika makala haya nataka tulitazame jambo moja la aina hiyo, ambalo kwa kawaida huachiwa wahasibu na wanasheria, ilhali ni jambo la maadili kabla ya kuwa jambo la hesabu. Nalo ni ugomvi wa malipo baina ya Serikali na makandarasi wanaoijengea nchi barabara, madaraja, shule na zahanati. Swali ninalotaka tujiulize ni hili: mdaiwa ambaye hakuna awezaye kumshurutisha kulipa, je, wajibu wake wa kulipa ni mdogo kuliko wa mdaiwa mwingine, au ni mkubwa zaidi?

Tuanze na waliotutangulia. Wahenga walisema kwamba ahadi ni deni, na wakasema tena kwamba dawa ya deni ni kulipa. Methali hizi mbili zinajulikana na kila mtoto wa shule, na pengine kwa sababu hiyo hatuzisikilizi tena. Tukizisikiliza upya tutaona kwamba hazikumtoa mtu yeyote. Hazikusema kwamba ahadi ya maskini ni deni na ahadi ya tajiri ni hisani. Wala hazikusema kwamba deni lina dawa nyingi, mojawapo ikiwa ni kulipa na nyingine ikiwa ni kumzungusha mdai mpaka achoke. Dawa iliyotajwa ni moja tu.

Mila zetu za kazi nazo zilikuwa na utaratibu wake. Mganga alipoitwa kumtibu mgonjwa, alipewa kwanza kiingiaporini, yaani ada ya kumwezesha kwenda kuzitafuta dawa. Fundi alipoimaliza kazi, au mwalimu alipomhitimisha mwanafunzi, alipewa kilemba, juu ya ujira wake, kuwa ishara ya kwamba kazi imeonekana na imekubaliwa. Mtu anayefanya kazi kwa ajili ya mwingine alisaidiwa mwanzoni ili asianze mikono mitupu, na akaheshimiwa mwishoni ili asiondoke na kinyongo. Dini zetu nazo hazikukaa kimya. Mafundisho ya Kiislamu yanamtaka mwajiri amlipe kibarua wake jasho lingali mwilini, na Torati inakataza ujira wa kibarua kulala kwa mwenye shamba mpaka asubuhi. Katika mafundisho hayo yote, wakati wa kulipa ni sehemu ya haki yenyewe. Anayelipa mwaka mmoja baada ya siku iliyoahidiwa ametimiza nusu ya ahadi, na nusu ya pili ameivunja.

Mtu asidhani kwamba mikataba mikubwa ya siku hizi imeyaacha mambo hayo. Kinyume chake, imeyaandika kwa tarakimu. Shirikisho la Kimataifa la Wahandisi Washauri, lijulikanalo kwa kifupi kama FIDIC, lililoanzishwa mwaka 1913, limekuwa likitoa masharti ya mikataba ya ujenzi ambayo hutumika katika nchi nyingi, zikiwemo zetu za Afrika ya Mashariki. Chini ya masharti ya aina hiyo mkandarasi hupewa malipo ya awali ili akusanye mitambo na vifaa, na hapo twakiona kiingiaporini chetu katika vazi jipya. Sehemu ndogo ya kila malipo huzuiliwa, naye huja kuikabidhiwa kazi ikishakamilika na kipindi cha matazamio kikishapita bila kasoro. Sehemu hiyo ni jasho lake mwenyewe lililowekwa dhamana, na kukabidhiwa kwake huwa ni tamko la mwisho kwamba kazi imeonekana na imekubaliwa, kama kilivyokuwa kilemba.

Katikati ya mwanzo na mwisho huo ipo safari ya kila mwezi. Kwa mujibu wa masharti ya FIDIC ya mwaka 1999, mkandarasi hupeleka maelezo ya kazi aliyoifanya, na mhandisi msimamizi hupewa siku 28 za kuyakagua na kutoa hati ya malipo. Mwenye kazi, ambaye kwetu sisi ni Serikali, hupaswa kulipa ndani ya siku 56 tangu mhandisi alipoyapokea maelezo yale. Akichelewa, hulipa na gharama ya kuchelewa, ambayo ni asilimia 3 juu ya kiwango cha riba cha benki kuu husika. Mkandarasi ambaye bado hajalipwa aweza kutoa taarifa ya siku 21, kisha akapunguza mwendo wa kazi au akaisimamisha kabisa. Tunaona basi kwamba karatasi haina upungufu mkubwa. Siku zimehesabiwa, adhabu imetajwa, na njia ya kutokea imeonyeshwa. Kama ugomvi ungeweza kuondolewa kwa karatasi, ungekwisha zamani.

Ili tuelewe kwa nini haukwisha, hatuna budi kuyatenganisha maneno mawili ambayo katika lugha yetu yanakaribiana kwa sauti lakini yako mbali kwa maana. Neno la kwanza ni dai, na la pili ni deni. Dai ni lile ambalo mtu anasema anastahili kupewa. Deni ni lile ambalo imekwisha kuthibitika kwamba anastahili. Dai huhitaji ushahidi, na deni huhitaji malipo. Mkandarasi akisema kwamba mvua ya masika imembomolea tuta na kwamba Serikali ndiyo igharimie kulijenga upya, hilo ni dai. Yawezekana ni la haki, yawezekana si la haki, na ni wajibu wa Serikali kulipinga mpaka lithibitike, kwa kuwa fedha inayodaiwa ni ya wakulima, wavuvi na wafanyakazi walioitoa kwa njia ya kodi. Mabishano juu ya dai si aibu. Ni dalili kwamba pande zote mbili ziko macho.

Lakini mhandisi wa Serikali akishaipima kazi, akaikubali, akatia sahihi yake katika hati ya malipo, dai limevuka mto na kuwa deni. Tangu hapo hakuna tena linalobishaniwa. Anayeendelea kubisha baada ya hapo anautumia ubishi kama pazia la kujifichia, kwa kuwa hataki au hawezi kulipa na hapendi kusema hivyo waziwazi. Nimefanya kazi katika ofisi za umma kwa miaka mingi, nami najua jinsi jalada linavyoweza kutembea na jinsi linavyoweza kulala. Leo sahihi moja haipo. Kesho mwenye kuidhinisha amesafiri. Keshokutwa ni tarehe 30 Juni, mwaka wa fedha umefungwa, na hati iliyokuwa halali jana inaingizwa katika orodha ya malimbikizo ya madeni. Malimbikizo nayo hutakiwa kuhakikiwa. Uhakiki wa kwanza ni busara, maana hati za uongo zipo. Ila ukifuatwa na wa pili, kisha wa tatu, juu ya ukuta uleule ambao mhandisi yuleyule aliupima, hapo deni linarudishwa ng'ambo ya mto na kufanywa dai tena. Hakuna aliyetamka neno la dhuluma, wala hakuna aliyegoma kulipa, na bado mtu amedhulumiwa.

Ni nani huyo anayedhulumiwa? Tumsikiapo mkandarasi, wengi wetu tunamwona mtu mwenye gari kubwa na kitambi, na huruma yetu hupungua. Tumchukue basi mkandarasi wa daraja la saba, ambalo ndilo la chini kabisa katika madaraja ya Bodi ya Usajili wa Makandarasi, aliyepewa kazi ya kujenga vyumba viwili vya madarasa katika kijiji fulani. Mtu huyu hana akiba ya kungojea mwaka mzima. Saruji na nondo amezikopa katika duka la vifaa vya ujenzi mjini. Mchanga na kokoto vimeletwa na mwenye lori ambaye ameambiwa atalipwa hati ikitoka. Mafundi na vibarua wamepewa nusu ya ujira, na nusu imebaki katika daftari. Nao vibarua, kwa kuwa hawawezi kubeba zege na njaa, wamekuwa wakila kwa mama lishe aliyeweka sufuria zake chini ya mwembe karibu na kazi, naye pia ana daftari lake.

Kazi imekwisha, madarasa yamepigwa rangi, wageni wamekuja na kukata utepe, watoto wameingia. Hati ya malipo imetoka, na malipo hayakutoka. Mwenye duka anamdai mkandarasi, mwenye lori anamdai mkandarasi, benki inaitazama nyumba yake aliyoiweka rehani, na vibarua wametawanyika kila mmoja na kinyongo chake. Mwishoni kabisa mwa mnyororo huo yuko mama lishe. Tukiufuata mnyororo mpaka kwake tutagundua jambo la ajabu: mwanamke huyu ameikopesha Serikali. Hakuandika mkataba, hakuombwa idhini, hakupangiwa riba, wala yeye mwenyewe hajui kwamba ni mkopeshaji. Anachojua ni kwamba unga umekwisha. Huenda mwanawe yumo katika darasa lile jipya, anafundishwa hesabu za faida na riba, chini ya bati ambalo sehemu ya gharama yake ni wali na maharage aliyoyapika mama yake bila kulipwa.

Wapo watakaojibu, na majibu yao yanastahili kusikilizwa kwa makini.

Wa kwanza atasema kwamba Serikali ina mahitaji mengi, na kwamba kati ya kumlipa mkandarasi na kununua dawa za hospitali, mwenye utu atachagua dawa. Hoja hii ina uzito, nami siicheki. Ila inakosea wakati wake. Kuchagua kati ya dawa na barabara ni kazi ya siku ya kupanga bajeti, kabla mkataba haujatiwa sahihi. Siku hiyo Serikali ina uhuru wote wa kusema kwamba mwaka huu hatujengi. Ikishajenga, chaguo limekwisha kufanywa, na chakula kimekwisha kuliwa. Mtu aliyekopa mchele kwa ajili ya karamu hawezi kumwambia mwenye duka kwamba sasa mtoto anaumwa, hivyo mchele ule na uhesabiwe kuwa zawadi. Mtoto na atibiwe, na mwenye duka bado anadai.

Wa pili atasema kwamba Serikali haifi wala haifilisiki kama mfanyabiashara, na kwa hiyo mkandarasi hana haja ya kuhofu, kwani fedha yake iko salama. Ni kweli kwamba Serikali haifi. Lakini mdai hufa. Kampuni hufungwa, nyumba hupigwa mnada, kibarua huzeeka. Fedha inayolipwa baada ya mdai kuanguka haimwinui. Umilele wa Serikali, badala ya kuwa sababu ya kuchelewa, wapasa kuwa sababu ya kuwahi, maana katika mchezo wa kungojeana, anayeishi milele hushinda siku zote, na ushindi wa namna hiyo hauna fahari.

Wa tatu atasema kwamba makandarasi nao ni wajanja. Hapa sibishi hata kidogo. Wako wanaopunguza saruji na kuongeza mchanga. Wako wanaoomba zabuni kwa bei ya chini isiyowezekana, ili wapate kazi kwanza, kisha waanze kutafuta madai kila kona. Wako wanaozitia bei kubwa kazi za mwanzo ili wavune mapema, na wakishavuna hulegeza mwendo. Wako waliopokea malipo ya awali wakanunua gari. Na wako, tena si haba, waliolipwa kwa wakati na Serikali na bado wakawazungusha vibarua wao. Mtu wa namna hii akiilaumu Serikali kwa kuchelewa, nyani haoni kundule. Lakini dawa ya mkandarasi mwovu ni kumkagua, kumkatalia kazi mbovu, kumtoza, na kumfuta katika orodha. Kutomlipa mwema kwa sababu yuko mwovu ni kuwapiga viboko darasa zima kwa kosa la mmoja, na walimu mnajua matunda ya adhabu ya namna hiyo.

Zaidi ya hayo, kuchelewesha malipo huharibu hata ukaguzi wenyewe. Mhandisi anayejua kwamba mkandarasi hajalipwa kwa miezi sita hupata haya kumwamuru abomoe ukuta uliopinda. Mdaiwa hana sauti. Serikali inayolipa kwa wakati ndiyo iwezayo kunyosha kidole na kusema, huu si mchanganyiko tuliokubaliana, bomoa ujenge upya.

Sasa nirudi katika swali la mwanzo. Kwa mujibu wa Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali ya mwaka 1967 ya nchi yetu Tanzania, mtu anayetaka kuishtaki Serikali hutakiwa kutoa kwanza taarifa ya siku 90. Akishinda, hawezi kumtuma dalali wa mahakama akamate mali ya Serikali kama angefanya kwa jirani yake. Hupewa hati ya mahakama inayotaja kiasi anachostahili, na ofisa wa Serikali ndiye anayetakiwa kulipa. Sababu ya sheria hii ni njema. Hakuna mwenye akili anayetaka kuona vitanda vya wagonjwa vikipigwa mnada, au gari la wagonjwa likiburutwa kwa ajili ya deni la kalvati.

Ila tujiulize sheria hiyo inasimama juu ya nini. Inasimama juu ya imani. Kwa mtu binafsi, sheria imeweka shuruti kwa sababu haikumwamini kabisa kwamba atalipa. Kwa Serikali, sheria imeondoa shuruti kwa kudhani kwamba mwenye heshima kubwa hivyo hahitaji kuburutwa. Kinga hiyo basi ni amana. Mtu aliyewekewa amana na kuaminiwa bila shahidi wala maandishi ana wajibu mzito kuliko yule aliyefungwa kwa mashahidi kumi, kwa sababu kitu pekee kinachomlinda mwenye mali ni uaminifu wa yule aliyeaminiwa. Anayeitumia kinga ya deni kuwa njia ya kulikwepa deni anakula amana, na kula amana ni kosa kubwa kuliko kuchelewa kulipa. Kwa hiyo jibu langu ni kwamba nguvu ya mdaiwa haipunguzi wajibu wake, bali inauongeza.

Kinga ya nyumbani, hata hivyo, haivuki mipaka. Mwaka 2017 ndege mpya aina ya Bombardier Q400 iliyokuwa imenunuliwa na Serikali yetu ilizuiliwa nchini Kanada kabla ya kuletwa. Sababu ilikuwa ni madai ya kampuni ya Stirling Civil Engineering yaliyotokana na mkataba wa barabara ya kutoka Wazo Hill hadi Bagamoyo. Kampuni hiyo ilikuwa imepata tuzo katika usuluhishi miaka kadhaa kabla, na kiasi kilichotajwa, pamoja na riba, kilifikia takriban dola za Kimarekani milioni 38. Ndege hiyo ilikuja kufika Dar es Salaam mwezi wa Aprili 2018. Sitaki kuamua hapa nani alikuwa na haki katika mkataba ule. Kazi hiyo ilikuwa ya wasuluhishi. Ninalotaka vijana walione ni tofauti ya wadai. Kampuni kubwa inayoweza kwenda mbele ya wasuluhishi, kisha mbele ya mahakama za ng'ambo, hutafutiwa njia. Mkandarasi wa daraja la saba hana ndege ya kuzuia. Mama lishe hana hata nauli ya kwenda wilayani kuuliza. Taifa likizoea kumlipa yule tu anayeweza kulitia hasara au aibu, malipo yake hayatakuwa haki tena, yatakuwa ni woga.

Jirani zetu nao wana fundisho. Mwaka 2025 Serikali ya Kenya, ikiwa imelemewa na madeni ya makandarasi wa barabara, ilitumia njia ya kuyauza mapato ya siku zijazo. Katika ushuru wa matengenezo ya barabara wa shilingi 25 kwa kila lita ya mafuta, shilingi 7 zilitengwa kuwa rehani ya kupatia shilingi bilioni 175 za kulipia madeni hayo. Kulipa ni bora kuliko kutolipa, na waliolipwa walishukuru. Lakini hesabu yake ni wazi: dereva wa kesho analipia lami ya jana, na barabara za kesho nazo zitahitaji kutengenezwa. Hapa kwetu, ripoti za Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali zimetaja mara kwa mara riba inayozaliwa na kuchelewa kuwalipa makandarasi. Riba hiyo haijengi hata hatua moja ya barabara. Na ambaye haoni riba katika vitabu ataiona katika zabuni ijayo, maana mkandarasi aliyewahi kungojea mwaka mzima hupandisha bei yake ili ajikinge na mwaka mwingine wa kungojea. Kukopa harusi, kulipa matanga.

Lakini hasara ya fedha si kubwa kuliko zote. Hasara kubwa zaidi ni ile inayoingia katika tabia za watu. Pale ambapo wote wanaostahili kulipwa hawalipwi, na wachache wanalipwa, lazima wazuke watu wa kuamua nani awe miongoni mwa hao wachache. Mkandarasi huanza kuingia ofisini kwa unyenyekevu, akiomba kile ambacho ni chake. Anapopewa, anashukuru. Anaposhukuru, yule aliyempa anazoea kushukuriwa, na kutoka kuzoea shukrani mpaka kuzoea bahasha ni hatua fupi. Hapo haki imegeuzwa kuwa fadhila. Katika mageuzo hayo watu wawili wameharibika: mmoja amefundishwa kuomba chake, na mwingine amefundishwa kutoa kisicho chake kana kwamba ni chake. Anayestahimili hali hiyo ni yule mwenye mtaji mkubwa au mwenye jamaa ndani. Mnyofu na mdogo huanguka, na baada ya miaka kadhaa tunashangaa kwa nini kazi zetu zinachukuliwa na wageni na wajanja.

Yapo mambo ambayo yangeweza kutengeneza hali hii, na mengi yanajulikana. Mkataba usitiwe sahihi kabla fedha yake haijaonekana. Panapokuwa na mabishano, sehemu isiyobishaniwa ilipwe mara moja, na ile inayobishaniwa ipelekwe kwa wasuluhishi, maana vyombo vipo: Baraza la Taifa la Ujenzi liliundwa kwa sheria ya mwaka 1979, na Sheria ya Usuluhishi ilitungwa upya mwaka 2020. Orodha ya wadai ifuate tarehe za hati zao, ibandikwe pale inapoweza kusomwa na kila mtu, na aliyetangulia alipwe mwanzo. Na ofisa anayekataa kulipa aandike sababu na kutia sahihi yake chini, kama vile mhandisi alivyotia sahihi chini ya hati. Mtu akitakiwa kuandika jina lake, huikagua sababu yake vizuri zaidi. Mkandarasi naye, siku anapolipwa, awe na muda uliowekwa wa kuwalipa vibarua na waliomkopesha, tena athibitishe kwamba amefanya hivyo kabla hajapewa hati nyingine.

Hata hivyo, hakuna kanuni itakayotosha ikiwa watu wanaoitekeleza wamekua wakiamini kwamba kuwa mkubwa ni kuwangojesha wengine. Imani hiyo haizaliwi wizarani. Huanza mapema, nyumbani na shuleni, mtoto anapoona muuza maziwa akiambiwa njoo kesho na watu ambao fedha wanayo mfukoni. Kwa hiyo nawaomba walimu walipeleke jambo hili darasani pamoja na methali zake. Wanafunzi waulizwe ni nani aliyejenga darasa walimoketi, na kama alilipwa. Waulizwe tofauti ya dai na deni, na wapewe mifano kutoka sokoni na shambani. Wengi wao watakuwa makarani, wahandisi, wahasibu na makandarasi. Siku moja mmoja wao ataketi mbele ya jalada lenye hati halali, huku nje ya mlango ameketi mtu aliyevaa viatu vilivyochakaa. Hakuna atakayemwona akilifungua jalada lile au akilisukuma pembeni, wala hakuna sheria itakayomgusa akilisukuma. Wakati huo ndipo itakapojulikana kama alifundishwa.